Roma na Karthago: maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu vita vya kufa na kupona na mapambano ya kuamua

Wapenzi wa historia ya kale huvutiwa sana na lile pambano moja kubwa: siku moja, uwanja mmoja, mshindi mmoja. Maswali mengi kuhusu Hannibal, jenerali wa Karthago, yanatokana na imani hiyo. Majibu yaliyo hapa yanashikilia kwamba ushindi mkubwa kuliko wote katika vita vya Roma na Karthago haukuvimaliza vita hivyo. Vilimalizwa na nani aliweza kuendelea kutoa watu, nafaka, fedha na uvumilivu baada ya kupigwa. Kwa sababu hiyo maswali mengine yamejibiwa kwa kirefu na mengine kwa mistari michache. Miaka yenye KK ni ya kabla ya Kristo.

Vita vya kufa na kupona ni vipi, na vinatofautianaje na vita vingine vya kale?

Vita vingi vya kale vilikuwa na mipaka. Miji miwili ya Ugiriki iligombea shamba la mpakani, wanaume wakakutana uwanjani na ngao na mikuki yao, upande mmoja ukakimbia, mshindi akasimamisha alama ya ushindi, na kila mtu akarudi kwake kuvuna. Katika vita vya kufa na kupona dola linaweka vitani kila kilicho chake: vijana na wazee, hazina, mavuno, dhahabu ya wanawake, hata watumwa. Na linamlenga adui mzima, pamoja na mashamba yake, maji yake na watoto wake.

Wagiriki nao walifika huko. Katika Vita vya Peloponesi (431–404 KK) Athens ilikizingira Melos, kisiwa kidogo kilichotaka kubaki nje ya ugomvi. Kilipojisalimisha, katika majira ya baridi ya 416/415 KK, wanaume waliokamatwa waliuawa, na wanawake na watoto wakauzwa utumwani.

Basi kwa nini ukurasa huu ni wa Roma na Karthago?

Kwa sababu hapo vyote viwili vinakutana. Vita vya pili kati ya madola hayo (218–201 KK) vina Cannae, pambano linalosifiwa kuliko yote ya kale, na pia vina miaka mingine kumi na mitano ya kuumizana baada ya Cannae. Vita vya kwanza vilikuwa vya 264–241 KK, vya tatu 149–146 KK, na mwisho wake Karthago haikuwepo tena.

Hannibal alikuwa Mwafrika?

Ndiyo. Alizaliwa mwaka 247 KK katika ukoo wa Barca wa Karthago, mji ambao magofu yake yako leo pembezoni mwa Tunis. Karthago ilianzishwa na Wafoinike kutoka Tiro, mji uleule wa Lebanoni unaotajwa katika Biblia, na kwa karne kadhaa wahamiaji hao walioana na wenyeji wa Libya. Kuhusu rangi yake, ambayo ndiyo inayobishaniwa sana: hakuna sanamu wala mchoro wa wakati wake unaoweza kuthibitishwa kuwa ni wake. Picha zinazosambazwa mtandaoni, za upande huu na za upande ule, zote ni za kubuni.

Natamani watu wangeuliza zaidi kuhusu jeshi lake. Askari wake wa miguu wa kutegemewa walikuwa Walibya. Wapanda farasi wake wepesi walikuwa Wanumidia, kutoka nchi ambayo sasa kwa sehemu kubwa ni Algeria, waliojulikana kwa kupanda farasi bila hatamu. Na jina la Afrika lenyewe Warumi walilitumia kwanza kwa nchi iliyozunguka Karthago, kabla halijaenea bara zima. Anayeisoma habari hii kama mambo ya Italia peke yake anaisoma nusu.

Chanzo cha vita vya pili kilikuwa nini?

Vita vya kwanza viliiachia Karthago hasara ya Sicilia na deni la talanta 3,200. Muda mfupi baadaye, Karthago ikiwa hoi kwa uasi wa askari wake wa kukodiwa, Roma ikaichukua Sardinia pia na kudai talanta 1,200 juu yake. Polybius, mwanahistoria Mgiriki wa karne ya 2 KK, aliuona unyang'anyi huo kuwa sababu kubwa kuliko zote, nami nakubaliana naye: mtu aliyeanguka akipokonywa na kilichobaki mfukoni, hasahau. Hamilcar Barca, baba yake Hannibal, akahamia Hispania kutafuta migodi ya fedha na askari wapya. Mwaka 219 KK Hannibal akauzingira Saguntum, mji uliokuwa chini ya ulinzi wa Roma, na baada ya miezi minane ukaanguka.

Ni kweli alivuka milima ya Alps na tembo?

Kweli, ingawa tembo si kiini cha habari. Alikuwa nao 37 alipovuka mto Rhône, na karibu wote walikufa katika baridi ya kwanza ya Italia. Cha kutisha ni hesabu ya watu. Alipouacha mto Rhône alikuwa na askari wa miguu 38,000 na wapanda farasi zaidi ya 8,000. Hesabu ya waliofika Italia aliichongesha mwenyewe kwenye bamba la shaba katika rasi ya Lacinium, kusini mwa Italia, na Polybius aliisoma kwa macho yake: 20,000 wa miguu, 6,000 wa farasi. Njaa, theluji na makabila ya milimani vilikuwa vimekula karibu nusu ya jeshi kabla ya pambano kubwa hata moja.

Sasa weka hesabu hiyo karibu na nyingine ya Polybius huyohuyo: Roma na washirika wake, wakihesabiwa wote wenye uwezo wa kubeba silaha, walikuwa zaidi ya 700,000 wa miguu na 70,000 wa farasi. Hannibal hakuwa mjinga. Mpango wake ulikuwa kuwapiga Warumi kwa kishindo mbele ya macho ya washirika wao, ili miji ya Italia iache kuwapa watu.

Cannae ilikwendaje?

Ilikuwa tarehe 2 Agosti 216 KK, kando ya mto Aufidus, leo Ofanto, katika mkoa wa Apulia. Roma ilikuwa imeshapigwa Trebia (218 KK) na Ziwa Trasimene (217 KK), na mara hii ilileta jeshi kubwa kuliko lolote ililowahi kulipeleka uwanjani: takriban 80,000 wa miguu na 6,000 wa farasi, chini ya makonsuli wawili, yaani viongozi wakuu wa dola wanaochaguliwa kila mwaka, Aemilius Paullus na Terentius Varro, walioshika amri kwa zamu, leo huyu, kesho yule. Hannibal alikuwa na watu wapatao 40,000 wa miguu na 10,000 wa farasi.

Siku hiyo ilikuwa zamu ya Varro. Alipunguza upana wa safu zake na kuongeza kina, mtu nyuma ya mtu, ili uzito huo upasue katikati ya adui. Hannibal alimpa hicho alichokitaka. Katikati aliwaweka Wagallia, vifua wazi, na Wahispania waliovaa kanzu fupi za kitani zenye pindo la zambarau, akawasogeza mbele hadi safu ikajipinda kama mwezi mwandamo, tumbo likimwelekea adui. Kwenye ncha mbili akawaweka Walibya, wakiwa wamevaa deraya na kushika ngao walizowavua Warumi waliokufa katika mapambano yaliyotangulia. Upepo ukawa unawapiga Warumi na vumbi usoni.

Katikati ikarudi nyuma, polepole, bila kuvunjika. Warumi wakaifuata, wakamiminika penye nafasi, wakabanana hadi mtu akakosa pa kuinulia mkono wa upanga. Ndipo Walibya wakageuka ndani, hawa kutoka kulia na wale kutoka kushoto. Wakati huohuo Hasdrubal, kamanda wa farasi wa ubavu wa kushoto, alikuwa ameshawatimua wapanda farasi wa Roma. Akazunguka nyuma ya uwanja mzima, akawafanya wapanda farasi wa washirika wakimbie upande wa pili, akawaachia Wanumidia kazi ya kuwafukuza, kisha akarudi na kuwaingia askari wa miguu kwa nyuma. Kutoka hapo yalikuwa mauaji ya saa nyingi.

Livy, mwanahistoria Mrumi, anaeleza yaliyoonekana asubuhi iliyofuata. Wengine walikutwa wamezika vichwa vyao kwenye mashimo waliyoyachimba wenyewe, wakakata pumzi. Mnumidia mmoja alivutwa akiwa hai kutoka chini ya maiti ya Mrumi, pua na masikio yake yamenyofolewa. Mrumi yule mikono yake ilikuwa haiwezi tena kushika silaha, akatumia meno hadi akafa.

Walikufa wangapi? Hesabu za kale zinaaminika?

Polybius anasema Warumi wapatao 70,000. Livy anasema 45,500 wa miguu na 2,700 wa farasi. Mimi naishika ya Livy, kwa kuwa inaacha nafasi kwa maelfu waliotekwa na maelfu waliotoroka, ambao tunajua walikuwepo kwa sababu tunawaona tena baadaye. Hata hesabu hiyo ndogo ni zaidi ya nusu ya jeshi, kwa siku moja, kwa silaha za mkononi.

Konsuli Paullus alikufa. Watu wapatao 80 waliokuwa wajumbe wa Seneti, au waliostahili kuingia, walikufa. Kabla mwaka haujaisha ilibidi wajumbe wapya 177 waandikishwe kujaza viti vilivyokuwa vimebaki wazi. Mago, mdogo wake Hannibal, alikwenda Karthago na kumwaga mbele ya baraza pete za dhahabu zilizovuliwa vidoleni mwa wakubwa wa Roma. Wapo waliosema zilijaza pishi tatu na nusu, ila Livy anaona habari ya pishi moja ndiyo ya kuaminika.

Kwa nini Hannibal hakwenda Roma moja kwa moja?

Hili ndilo swali la tangu kale. Livy anamweka Maharbal, kamanda wa farasi, akimwambia Hannibal kwamba anajua kushinda lakini hajui kuutumia ushindi. Maneno hayo yamewapendeza wasomaji kwa miaka elfu mbili, na naona yamemwonea Hannibal. Kutoka Cannae hadi Roma ni takriban kilomita 400. Mji ulikuwa na ukuta imara na watu wa kuulinda. Jeshi lililochoka, lenye majeruhi wengi, lisilo na mitambo ya kuvunjia kuta, lingefika huko na kukaa nje ya lango likisubiri chakula kutoka mashamba ya adui. Saguntum, mji mdogo kuliko Roma kwa mbali, ulikuwa umemchukua miezi minane.

Alichokifanya kilikuwa na mantiki ya vita vya zamani zile: alituma ujumbe kujadili fidia ya mateka, akitarajia kwamba dola lililopoteza majeshi matatu ndani ya miaka miwili litaomba amani. Dola lolote jingine la wakati huo lingeomba.

Roma ilifanya nini baada ya kipigo hicho?

Hapa ndipo vita vilipobadilika sura, na hapa ndipo ningependa msomaji akae zaidi kuliko pale uwanjani.

Mjumbe wa Hannibal hakuruhusiwa hata kuingia mjini. Mateka hawakukombolewa. Maombolezo yaliwekewa kikomo cha siku 30, kwa sababu karibu kila nyumba ilikuwa na msiba na ibada ya kila mwaka ya mungu wa nafaka, Ceres, ilishindwa kufanyika: wafiwa hawakuruhusiwa kuifanya, na hakukuwa na mwanamke asiyefiwa. Vijana wa miaka 17 waliitwa, na wengine wadogo kuliko hapo. Watumwa 8,000 wenye nguvu walinunuliwa kwa fedha za serikali, baada ya kuulizwa mmoja mmoja kama wako tayari kupigana. Wahalifu na wadaiwa wapatao 6,000 walifunguliwa minyororo na kupewa silaha zilizotekwa zamani kwa Wagallia. Hofu ilifika mahali ambapo Warumi wenyewe baadaye waliona aibu kupasimulia: Wagallia wawili na Wagiriki wawili, mume na mke, walizikwa hai katika soko la ng'ombe ili miungu iridhike.

Mwaka uliofuata kodi ya vita iliongezwa maradufu. Sheria ya Oppius ikamkataza mwanamke kuwa na dhahabu inayozidi nusu ya wakia au kuvaa nguo ya rangi rangi. Mwaka 210 KK wajumbe wa Seneti walipeleka dhahabu na fedha zao hazina ili wapiga makasia wa manowari walipwe. Sarafu za zamani zilishuka thamani, na karibu mwaka 211 KK ikatengenezwa sarafu mpya ya fedha, dinari, ileile tunayoisoma katika Injili. Kufikia 212 na 211 KK Roma ilikuwa na legioni, yaani vikosi vikubwa vya maelfu ya askari, zipatazo 25 kwa wakati mmoja, Italia, Sicilia, Sardinia na Hispania. Hannibal hakuwa tena akipigana na jeshi la konsuli fulani.

Wale watumwa 8,000 waliishia wapi?

Walipigana Beneventum mwaka 214 KK chini ya Tiberius Sempronius Gracchus. Aliwaahidi kwamba atakayeleta kichwa cha adui atakuwa huru. Ahadi hiyo nusura iwaangamize. Kila aliyemuua mtu alisimama kukikata kichwa, na akishakikata alikishika kwa mkono wa kulia, upanga ukawa hauna mkono. Ikabidi wapelekewe amri: tupeni vichwa, uhuru mnao tayari, kinachotakiwa ni ushindi. Walishinda, na Gracchus akawaachia huru wote. Katika habari zote za vita hivi, ni wachache walioupata uhuru wao kwa njia iliyo wazi namna hiyo.

Raia wa kawaida walilipa nini?

Walilipa zaidi ya majenerali. Mwaka 217 KK, Fabius Maximus alipokuwa dikteta, kiongozi wa muda aliyepewa mamlaka yote wakati wa hatari, wakulima waliokuwa katika njia ya Hannibal waliamriwa kuchoma nyumba na mazao yao wenyewe na kukimbilia penye ngome. Kisha Hannibal akachoma yaliyobaki. Fabius alikwepa kupigana, akamfuata adui mlima kwa mlima na kumnyima chakula. Mbinu hiyo iliiokoa Roma, lakini gharama yake ilikuwa mashamba ya watu ambao majina yao hayakuandikwa popote.

Miji iliyochagua upande ikaja kujuta. Capua, mji wa pili kwa ukubwa Italia, ulijiunga na Hannibal baada ya Cannae. Warumi wakauzingira hadi 211 KK. Hannibal alitembea hadi karibu na kuta za Roma akitarajia wazingiraji watamfuata, nao hawakumfuata. Viongozi wa Capua wapatao 28 walikunywa sumu pamoja usiku mmoja, wengine wengi wakapigwa viboko na kukatwa vichwa, na mji ukapoteza ardhi yake na serikali yake. Tarentum ulipotekwa tena na Roma mwaka 209 KK, watu 30,000 waliuzwa, kwa hesabu ya Livy.

Hata washirika waaminifu walichoka. Mwaka huohuo wa 209 KK, makoloni 12 kati ya 30 ya Kilatini, miji ya Italia iliyoanzishwa na Roma, yaliiambia Roma kwamba hayana tena mtu wala fedha ya kutoa. Sensa ya Roma, iliyokuwa na raia wanaume wapatao 270,000 kabla ya vita, ilisomeka 214,000 mwaka 204 KK.

Halafu kuna mateka wa Cannae, wale waliokataliwa fidia. Hannibal aliwauza. Mwaka 194 KK, miaka 22 baadaye, Warumi 1,200 walikutwa wakiwa watumwa katika nchi ya Akaya, Ugiriki, na ndipo wakakombolewa. Waliondoka nyumbani vijana.

Kwa nini Karthago haikumsaidia mtu wake?

Ilimsaidia kidogo, na ikawasaidia wengine zaidi. Mwaka 215 KK askari na tembo walishushwa Locri, kusini mwa Italia. Lakini kikosi kingine, zaidi ya watu 12,000 chini ya Mago, kilichoandaliwa kwa ajili ya Italia kilielekezwa Hispania, kwa kuwa huko ndiko ilikokuwa migodi ya fedha na Warumi walikuwa wanaisogelea. Karthago ilipigana pia Sicilia na Sardinia. Bahari ilikuwa mikononi mwa Roma tangu vita vya kwanza. Sikubaliani na wanaosema baraza la Karthago lilimsaliti Hannibal kwa wivu. Lilikuwa na mipaka mingi ya kulinda na meli chache.

Basi ni pambano gani lililoamua vita?

Ukinilazimisha kutaja moja nitasema Metaurus, 207 KK, hata kama Zama ndilo linalojulikana. Kaka wa Mago na mdogo wa Hannibal, anayeitwa pia Hasdrubal, alikuwa ameleta jeshi jipya kutoka Hispania kwa kupitia Alps. Barua zake kwa Hannibal zikatekwa njiani. Konsuli Claudius Nero, aliyekuwa kusini akimzuia Hannibal, alitoroka kambini na watu 7,000 walioteuliwa, akaenda mwendo wa kasi hadi kaskazini kuungana na mwenzake, wakampiga Hasdrubal na kumuua, kisha akarudi kabla Hannibal hajajua kwamba aliondoka. Hannibal alipata habari pale kichwa cha ndugu yake kilipotupwa mbele ya kambi yake.

Zama, 202 KK, ilifika wakati mengine yote yameshapotea. Scipio, jenerali wa Roma, alikuwa ameichukua Hispania na migodi yake. Alikuwa amevuka kwenda Afrika mwaka 204 KK, na mfalme Masinissa wa Numidia alikuwa upande wake. Wapanda farasi wa aina ileile iliyoshinda Cannae sasa walikuwa wanampigania Mrumi. Hannibal alianza na tembo zaidi ya 80. Scipio aliacha vichochoro kati ya vikosi vyake, na wengi wa tembo wakapita humo bila madhara au wakageuka kuwakanyaga watu wao. Katika jeshi la Scipio zilikuwamo legioni za watu waliookoka Cannae, waliokuwa wamepelekwa Sicilia kama adhabu ya kutokufa.

Mkataba ulidai talanta 10,000 kwa miaka 50, takriban tani 260 za fedha, manowari zote isipokuwa 10, tembo wote, na ahadi kwamba Karthago haitapigana vita vyovyote bila ruhusa ya Roma.

Mbona Alexander alishinda milki nzima kwa mapambano machache?

Kwa sababu milki ya Uajemi ilifungwa kwa mtu mmoja. Dario wa Tatu alipokimbia Issus (333 KK) na tena Gaugamela (331 KK), magavana wake hawakuwa na cha kushikilia, wengi wakafungua milango. Roma haikuwa na mfalme wa kukimbia. Ukiua konsuli, mwaka unaofuata kuna wengine wawili. Hapo ndipo Hannibal, aliyejifunza vita katika dunia ya wafalme, alipokosea hesabu.

Karthago iliangamizwaje?

Kufikia 151 KK deni lilikuwa limelipwa lote, na mji ulikuwa tajiri tena kwa biashara na kilimo. Cato, mzee aliyepigana na Hannibal ujanani, alikuwa akisema katika Seneti, hoja iwe yoyote, kwamba Karthago lazima iangamizwe. Masinissa aliendelea kumega ardhi yake, Karthago ikajitetea bila ruhusa, na Roma ikapata kisingizio.

Yaliyofuata ni ukatili wa hatua kwa hatua. Kwanza ilidai watoto 300 wa wakubwa wawe mateka. Wakatolewa. Ikadai silaha zote. Zikatolewa, seti 200,000 za vifaa vya askari na mitambo 2,000 ya kurushia. Wakishabaki mikono mitupu, wakaambiwa wauhame mji na wajenge mwingine umbali wa kilomita kama 15 kutoka baharini. Watu walioishi kwa bahari kwa zaidi ya miaka 600 waliambiwa wawe wakulima wa bara. Wakafunga milango.

Appian, mwanahistoria Mgiriki wa baadaye, ameandika jinsi wanaume na wanawake walivyogeuza mahekalu kuwa karakana, wakifanya kazi mchana na usiku kwa zamu: ngao 100 kwa siku, panga 300, mishale 1,000 ya mitambo, mikuki 500. Kamba za mitambo zilikosekana, wanawake wakakata nywele zao zikasokotwa. Walisimama hivyo karibu miaka mitatu. Mwaka 146 KK Scipio Aemilianus, mjukuu wa kuasili wa yule Scipio wa Zama, aliingia kwa upande wa bandari, na mapigano yakapanda kuelekea kilima cha Byrsa kwa siku sita, nyumba kwa nyumba, nyingine za ghorofa sita, askari wakivuka mapaa kwa mbao. Kisha mitaa ikachomwa, na waliokuwa wakisafisha njia walisukuma mashimoni waliokufa na waliokuwa bado hai. Watu 50,000 walitoka kujisalimisha na wakauzwa. Polybius alikuwa pale, na anasema Scipio alilia, akifikiri kwamba zamu ya Roma nayo itafika. Mwaka huohuo Roma iliuangamiza pia Korintho.

Ni kweli Warumi walimwaga chumvi kwenye magofu?

Hapana. Hakuna mwandishi wa kale hata mmoja anayesema hivyo. Ni hadithi ya zama za karibuni. Ardhi ile ilibaki na rutuba, Warumi wenyewe wakajenga juu yake mji mwingine chini ya Julius Caesar na Augustus, na Afrika ya Kaskazini ikawa ghala la nafaka la Roma.

Hannibal mwenyewe aliishia wapi?

Baada ya Zama alichaguliwa kuwa mtawala wa kiraia wa Karthago na akasafisha hesabu za serikali, jambo lililomletea maadui wa nyumbani. Akakimbilia kwa Antiochus wa Shamu, kisha Bithynia. Warumi walimfuata hadi huko, naye akanywa sumu, karibu mwaka 183 KK.

Kwa nini majeshi ya kisasa bado yanasoma Cannae?

Kwa uzuri wake wa kimbinu, na uzuri huo umewaponza wengi. Alfred von Schlieffen, mkuu wa makao makuu ya jeshi la Ujerumani kuanzia 1891 hadi 1906, aliiabudu Cannae na kuandika kuihusu kwa bidii. Ujerumani iliingia vita vya 1914 ikitarajia kuizingira Ufaransa kwa wiki chache. Ilipata miaka minne, na vita hivyo vilifika hadi Tanga na Taveta, ambako waliokufa wengi zaidi hawakuwa askari. Walikuwa wapagazi wa Tanganyika, Kenya na Uganda, wengi wao waliokamatwa kwa nguvu, na waliangushwa kwa makumi ya maelfu na kuhara, malaria na njaa.

Mahali hapo panaweza kutembelewa?

Karthago, ndiyo, na ni rahisi: kutoka katikati ya Tunis kuna treni ya mji inayopita La Goulette na kusimama hapohapo. Imo katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO tangu 1979. Nenda kwanza kilimani Byrsa. Augustus alipousawazisha mlima ajenge juu yake, kifusi kilimwagwa ubavuni na kikafunika mtaa wa Kikarthago, ndiyo maana kuta za chini za nyumba, sakafu na visima vya kukingia maji ya mvua vimesalia. Mtaa huo ulijengwa mwanzoni mwa karne ya 2 KK, wakati ule ambao Hannibal alikuwa madarakani. Chini pwani kuna madimbwi mawili yaliyokuwa bandari, moja la biashara na moja la duara la manowari. Uwanja wa Cannae uko karibu na Barletta, Italia, unaitwa Canne della Battaglia.